Orodha Kabla ya Bei

Barabara ya mtaani kwa shangazi, kule Njiru, ilikuwa imepangiwa kupanuliwa, na kipande cha mbele cha ploti yake kilikuwa kimeingia ndani ya ramani. Aliponipigia simu Mombasa hakulia wala hakumlaani mtu. Alitaka karani. "Si wewe huandika magazetini? Basi njoo uniandikie dai," alisema. Nilikubali kabla hajamaliza, maana shangazi hakataliwi, na pia sikuwahi kufika Eastlands. Nairobi niliyoijua ilikuwa ile ya mikutano: teksi, hoteli, jengo refu, kisha kurudi Pwani.

Nilipanda Madaraka Express pale Miritini asubuhi. Treni hiyo imebeba abiria kati ya Mombasa na Nairobi tangu 2017, na wengi hukodoa macho dirishani wakitafuta ndovu wa Tsavo. Mimi nilitazama nyumba zilizobaki kando ya tuta. Kwetu, kuanzia Miritini hadi Mariakani, reli hiyo iliacha mazungumzo ambayo bado husikika kila penye matanga au harusi: nani alilipiwa nyumba, nani alilipiwa minazi, na nani jina lake halikusomwa.

Syokimau nilibadilisha treni, nikapanda ile ya mjini hadi Imara Daima. Binamu yangu, mtoto wa shangazi, alikuwa akiningoja na pikipiki anayosambazia vipuri vya magari. Nilidhani tungeenda moja kwa moja Njiru. Yeye aliiacha pikipiki kwa rafiki yake mwenye gereji na kuniambia tutembee. "Kama umekuja kwa mambo ya fidia, anzia hapa," alisema.

Ukipita nyumba za ukuta na geti unaingia Mukuru kwa Njenga. Mabati, waya za stima zilizokunjana juu ya kichwa, mama wakikaanga chapati mlangoni, watoto wa shule wakirukia mitaro. Kisha ghafla unatokea kwenye barabara pana isiyofanana na kitu chochote kilichoizunguka. Ni Barabara ya Catherine Ndereba, iliyopewa jina la bingwa wetu wa dunia wa marathoni. Mwishoni mwa 2021 matingatinga yaliingia mtaani humo kupisha barabara, na maelfu ya familia wakalala nje, wengine kwenye mahema waliyoyasimamisha juu ya vifusi vya vyumba vyao.

Binamu alinieleza jinsi ardhi ya pale ilivyopangana. Kwenye makaratasi, sehemu kubwa ya Mukuru iligawiwa watu binafsi na kampuni miaka ya 1970 na 1980 ili wajenge viwanda vidogo. Viwanda vingi havikujengwa, watu wakajenga. Kwa hiyo yuko mwenye karatasi ambaye pengine hajawahi kulala pale hata usiku mmoja. Yuko mwenye mabati, anayemiliki vyumba kumi lakini si udongo vilipojengwa. Na yuko mpangaji, anayemlipa mwenye mabati kodi kila mwezi na ambaye maisha yake yote yamo ndani ya futi kumi kwa kumi. Mwaka 2017 Kaunti ya Nairobi ilitangaza Mukuru kuwa eneo maalumu la kupangwa upya, na tangazo hilo lilifungua mikutano na ramani nyingi, ila halikumpa mtu hati.

"Mthamini akija hapa na kanda yake," binamu aliuliza, "ampimie nani?"

Katiba ya 2010 inalijibu swali hilo kwa sehemu mbili. Kifungu cha 40 kinasema serikali ikitwaa mali ya mtu kwa manufaa ya umma, ni lazima imlipe fidia ya haki, kamili na kwa haraka. Kisha, ibara moja mbele, kinasema inaweza kuwekwa sheria ya kuwafidia wanaokaa kwenye ardhi kwa nia njema hata kama hawana hati. Linganisha nguvu za maneno hayo. Kwa mwenye hati, katiba inaagiza. Kwa asiye nayo, inaruhusu. Katika pengo lililopo kati ya kuagiza na kuruhusu ndimo inamokaa sehemu kubwa ya Eastlands.

Hata hivyo si mbali na pale kuna ushahidi kwamba pengo hilo hupitika watu wakitaka. Mwaka 2004 waliojenga kando ya reli Kibera na Mukuru walipewa ilani ya kuhama. Walikataa, na baada ya miaka ya mabishano ukatokea mpango mwingine, uliofadhiliwa na Benki ya Dunia, ambao ulianza kwa kuhesabu watu mlango kwa mlango. Walioorodheshwa walijengewa vyumba vidogo na vibanda vya biashara umbali kidogo kutoka relini. Hakuna aliyekuwa na hati. Kilichowapa haki ni kwamba siku ya kuhesabu walikuwepo, na majina yao yakaandikwa.

Tuliichukua pikipiki, tukapita kati ya maghorofa ya Pipeline, ambako nguo hukauka balkoni mpaka balkoni hadi jua halifiki chini, tukaingia Outer Ring. Barabara hii ya kilomita 13 hivi, kutoka Embakasi hadi Ruaraka, ilipanuliwa kwa mkopo wa Benki ya Maendeleo ya Afrika, kazi ikakamilika mwaka 2018. Mwaka huo huo jengo la Taj Mall, lililosimama mwanzoni mwake na kuwapa makanga jina la steji, lilibomolewa. Steji bado inaitwa Taj. Kabla ya upanuzi, ukingo wa Outer Ring ulikuwa soko refu: mitumba, vitanda, miche ya maua, nyama choma. Wengi walikuwa kwenye hifadhi ya barabara, yaani kwa sheria ya Kenya walikuwa juu ya ardhi ya umma. Lakini kanuni za benki hiyo zinataka mradi wake uwasaidie hata wasio na haki ya kisheria juu ya ardhi, mradi walikutwa pale siku ya sensa. Hivyo ukingo mmoja wa barabara ulikuwa na sheria mbili, moja ikiuliza hati, nyingine ikiuliza orodha.

Donholm, Mutindwa, kisha kulia kwenye Kangundo Road, tukapita Umoja, Komarock na Saika. Kadiri tulivyokwenda mbele, maghorofa yalipungua, na mawe ya kuchonga na vumbi vikaongezeka.

Shangazi aliipokea shikamoo niliyoisema nikiwa bado na kofia ya pikipiki kichwani. Majirani humwita Mama Pwani, na kwa miaka aliyokaa Nairobi bado hupika wali wa nazi Ijumaa. Baada ya chakula alitandaza makaratasi mezani, na humo nikaiona historia ya upande huu wa jiji. Ardhi nyingi ya Njiru na Ruai ilikuwa ya Embakasi Ranching, mojawapo ya kampuni za kununua ardhi zilizoundwa miaka ya 1970. Mwanahisa alipewa cheti cha hisa, akapiga kura ya ploti, akaonyeshwa bikoni. Hati ya kumiliki ilikuwa jambo la baadaye, na kwa wengi baadaye hiyo ilichukua miongo. Shangazi alinunua ploti yake kutoka kwa mwanahisa mstaafu. Anayo hati sasa, lakini hajakitupa cheti cha hisa, wala risiti za kodi ya ardhi, wala picha za fundi akimwaga slabu.

Nilichukua kalamu, tukaanza. Kazi yenyewe si siri, ingawa watu wengi huifikia wakiwa wamechelewa. Chini ya Sheria ya Ardhi ya 2012, Tume ya Kitaifa ya Ardhi hutangaza kusudi la kutwaa katika Gazeti Rasmi la Serikali, kisha hutangaza siku ya kusikiliza madai, na kila mwenye maslahi huwasilisha dai lake kwa maandishi. Tarehe ya tangazo la kwanza ina uzito kuliko wengi wanavyodhani, kwa sababu thamani ya ardhi hupimwa kama ilivyokuwa siku hiyo. Ukijenga haraka haraka baada ya kusikia fununu, hutapata kitu: kanuni za fidia za 2017 hazihesabu maendeleo yaliyofanywa ndani ya miaka miwili kabla ya tangazo, ila kama mwenyewe atathibitisha aliyafanya kwa nia njema na si kwa kuikimbilia fidia. Ndiyo maana picha za fundi zilikuwa mali. Nyuma ya kila moja shangazi alikuwa ameandika tarehe.

Hesabu ina sehemu kadhaa. Kuna bei ya soko ya kipande kinachotwaliwa. Kuna hasara ya kukatwa, pale kipande kinachobaki kinapopungua thamani kwa kutenganishwa na kilichochukuliwa. Kuna madhara kwa mali nyingine ya mtu, gharama za kuhama nyumba au biashara, na faida iliyopungua kati ya tangazo na siku ya kutwaliwa. Juu yake huongezwa asilimia 15 ya bei ya soko kwa ajili ya usumbufu. Kama ukanda wako unathaminiwa shilingi milioni moja, usumbufu pekee unakuwa shilingi 150,000.

Kwa shangazi ukanda wenyewe ulikuwa mwembamba, na kwa bei ya udongo peke yake usingeleta ubishi. Tatizo lilikuwa chini yake. Njiru haina mfereji wa majitaka mtaani kwake, na shimo la vyoo la nyumba yake yote, vyumba vinane vya wapangaji nyuma na vibanda vitatu mbele, liko ndani ya ukanda huo. Ukiuhesabu kama udongo, unalipa mita kadhaa za ardhi. Ukiuhesabu kama ulivyo, umechukua kitu ambacho bila hicho vyumba vinane havipangishiki. Tuliandika gharama ya kuchimba shimo jipya nyuma, kuvunja sakafu ya ua ili kupitisha mabomba, na kodi itakayopotea wakati wa kazi. Mthamini wa kukodi, ambaye shangazi na majirani watatu walikuwa wamechanga kumleta, alilisoma dai na kusema hiyo ndiyo hasara ya kukatwa kwa mfano usiohitaji maelezo.

Hapo ndipo shangazi alipofanya jambo lililozua maneno mtaani. Kwenye vibanda vya mbele kuna kinyozi, mama wa mboga na kijana mwenye duka la simu. Aliwaita, akawaketisha, akaniambia niwaandikie madai yao pia, kila mmoja lake. Jirani mmoja, mzee mwenye ghorofa mbili upande wa pili, alikuja jioni ile ile. "Mama Pwani, unagawa pesa yako," alisema. "Hawa ni wapangaji. Ukiwapeleka pale, fungu litakatwa. Tena mtu asiye na hati atalipwaje?"

Nilimweleza mzee habari ya kwetu Pwani. Bandari mpya ilipojengwa Lamu, wavuvi walisema kuchimbwa kwa mlango wa bahari kumewaharibia mahali pa kuvua. Hakuna mvuvi mwenye hati ya bahari. Lakini mwaka 2018 Mahakama Kuu ya Malindi iliamuru wavuvi 4,600 hivi walipwe shilingi bilioni 1.76. Mzee alitikisa kichwa, akasema bahari ni bahari na Njiru ni Njiru. Ndipo nilipomfungulia Sheria ya Ardhi yenyewe, kifungu cha 107. Inapotaja wenye maslahi, haiwataji tu walio kwenye rejista. Inawataja pia wake au waume zao, na watu wanaokaa hasa kwenye ardhi hiyo pamoja na wenzi wao. Kinyozi yumo. Na fungu lake si la shangazi: yeye hadai udongo, anadai gharama ya kuhamisha viti na vioo, na wateja atakaowakosa. Mzee alikisoma kifungu mara mbili, akarudisha simu yangu bila neno.

Kabla ya siku ya kusikilizwa, binamu alikuwa na mzigo wa kupeleka Baba Dogo, nikaandamana naye hadi mwisho wa Outer Ring. Nilitaka kuona ardhi ya Ruaraka, yenye Shule ya Msingi ya Drive-In na Shule ya Upili ya Ruaraka. Ni ekari 13 na ushei. Kengele ililia tukiwa nje ya ukuta na wanafunzi wakamiminika uwanjani. Januari 2018 shilingi bilioni 1.5 zililipwa kwa kampuni mbili kama sehemu ya fidia ya zaidi ya bilioni 3 kwa ardhi hiyo, ambayo shule zilikuwa tayari juu yake. Bunge likachunguza, kesi ikaenda mahakamani, na mwaka 2019 majaji wakaamua kwamba ardhi ilikuwa ya umma tangu hapo. Watu wengi wanaikumbuka Ruaraka kama kashfa ya bei. Mimi nikiwa pale ukutani nililiona kosa lingine lililotangulia bei. Kabla ya mtu kupiga hesabu ya ekari moja, kuna aliyekwisha kukubali majina ya wanaostahili kulipwa. Bei ingekuwa sahihi hadi senti ya mwisho, malipo yangebaki kuwa mabaya.

Ukiweka Mukuru na Ruaraka pamoja, umeziona pande mbili za jambo hilo. Mukuru, palipopitishwa barabara, orodha ilikuwa fupi mno, watu wakaachwa nje. Ruaraka ilikuwa na majina yasiyostahili. Wathamini wana kanuni nzuri za kupima udongo, na tangu marekebisho ya 2019 sheria inazungumzia hata faharasa ya bei za ardhi ili makisio yasipande kila mradi unapotangazwa. Marekebisho hayo yamefafanua pia haraka ya katiba kuwa malipo yasiyozidi mwaka mmoja baada ya ardhi kuchukuliwa, na yameunda jopo maalumu la kusikiliza rufaa za fidia. Yote hayo hufanya kazi baada ya orodha kufungwa.

Kikao kilifanyika ofisini kwa chifu, chini ya turubai, kwa kuwa ukumbi haukutosha. Maafisa walikuwa watatu, na walikuwa na subira kuliko nilivyotarajia. Waliita kwa nambari ya ploti. Mtu alisimama, akasema jina, akaonyesha kitambulisho na hati, akatoa dai, akaulizwa maswali. Wengine walikuja mikono mitupu, wakidhani kilichohitajika ni kuwepo tu. Mama mmoja alisema mumewe ndiye mwenye hati na yuko kazini Qatar. Afisa alimwuliza kama anakaa kwenye ploti hiyo. Aliposema ndiyo, akaandikwa mwenyewe, kama mke na kama mkazi. Nilimwona akikaa chini polepole, kama asiyeamini kwamba jina lake limeingia kwenye karatasi ya serikali bila la mumewe kutangulia.

Shangazi alipoitwa alisema yuko na wengine watatu. Afisa alitazama juu. Kinyozi akaeleza viti vyake vitatu, kioo kirefu cha ukutani na daftari la mapato ambalo, kwa bahati njema, alikuwa analiweka kwa sababu ya mkopo wa chama. Mama wa mboga hakuwa na daftari. Alikuwa na simu, na ndani yake ujumbe wa M-Pesa wa wateja wa miezi mingi. Afisa mdogo kati ya wale watatu aliinama kuusoma, akasema achapishe taarifa ya akaunti na kuileta kabla ya wiki kwisha. Kijana wa simu alileta leseni ya kaunti. Kisha likaja suala la shimo. Afisa mkuu aliuliza kina chake, na shangazi akamjibu kwa futi na kwa mwaka lilipochimbwa, akampa picha. Akaigeuza, akaiona tarehe nyuma, akaandika.

Hakuna kiasi kilichotajwa siku hiyo. Tume huandika uamuzi wake baadaye, na mwenye dai hukubali au hukataa. Ukikataa, unaweza kwenda kwenye jopo na baadaye mahakamani, na kukataa hakukunyimi haki ya kulipwa kile kitakachothibitishwa. Shangazi alikuwa ameshaamua: bei ya udongo hataigombania, shimo ataligombania.

Tuliporudi kwa miguu yule mzee wa ghorofa alitufikia kwa hatua ndefu. Alikuwa ameona wapangaji wakisikilizwa na alikuwa na swali. Wapangaji wake wawili, wenye hoteli na duka la unga, hawakuja. Aliuliza kama bado kuna nafasi. Shangazi alimwambia afisa amesema madai yaliyochelewa yapelekwe ofisini kwa maandishi kesho, lakini wapeleke wenyewe, na akamwonya asijaribu kuandika kwa niaba yao.

"Sasa nikiwaleta, watajua ninapata ngapi," mzee alisema.

"Watajua," shangazi akamjibu. "Na wewe utajua wao wanapata ngapi. Barabara ikija hapa tena, hakuna atakayemdanganya mwenzake."

Mzee alicheka, akageuka kuelekea kwenye hoteli, akaanza kuita kwa sauti jina la mwenye nayo.